Moses Mendelssohn, Myahudi wa Berlin aliyewanyima wafalme na marabi haki ya kushurutisha imani

Mleta mada:

Wanajukwaa, salaam.

Mjadala wa falsafa na dini ukiwagusa Wayahudi wa Ulaya, jina linalotangulia ni la Baruch Spinoza, yule wa Amsterdam aliyetengwa na jumuiya yake mwaka 1656 na asirudi tena. Spinoza anastahili nafasi hiyo. Naona hata hivyo kwamba tunampita haraka mno mtu aliyekuja karibu miaka mia moja baada yake, akaulizwa mengi ya maswali yaleyale, akayajibu huku bado anashika Sabato, analinda miiko ya chakula na anasali sala za baba zake kwa Kiebrania. Mtu huyo ni Moses Mendelssohn. Nitapita juu ya maisha yake, kisha nitakaa zaidi kwenye kitabu chake cha mwaka 1783 kiitwacho Jerusalem, kwa sababu humo ndimo alimotetea jambo ambalo viongozi wa dini, wakiwemo wa dini yake mwenyewe, walilipokea kwa shida: kwamba hakuna mamlaka ya wanadamu, ya mfalme wala ya rabi, yenye haki ya kumshurutisha mtu aamini, au kumwadhibu kwa kuwa haamini.

Alizaliwa tarehe 6 Septemba 1729 mjini Dessau, Ujerumani. Baba yake, Mendel, alikuwa mnakili wa hati za Torati, kazi yenye heshima kubwa na kipato kidogo. Mtoto alikuwa na kibyongo na kigugumizi, mambo mawili yaliyomfuata maisha yake yote. Mwalimu wake wa kwanza wa maana alikuwa Rabi David Fränkel, aliyemfundisha Talmudi, mkusanyiko wa mafundisho na mijadala ya marabi wa kale, na kumfungulia mlango wa Maimonides, yule mwanafalsafa wa karne ya 12 aliyeishi Misri na kuandika kwa Kiarabu. Kitabu kikuu cha falsafa cha Maimonides, kilichokuwa hakijachapwa kwa muda mrefu sana, kilitoka upya mwaka 1742 huko Jessnitz, karibu na Dessau, na kijana Moses akakizamia kwa bidii iliyopita umri wake.

Mwaka 1743 Fränkel aliitwa Berlin kuwa rabi mkuu, na mwanafunzi wake, akiwa na miaka 14, akamfuata. Akaingia kwa Lango la Rosenthal, ambalo ndilo Wayahudi wasafiri walilazimika kulipitia. Hapa ni lazima tuelewe hali ilivyokuwa, maana bila hiyo hoja zake za baadaye zitaonekana kuwa falsafa ya mezani tu. Myahudi hakuwa na haki ya kuishi Berlin. Aliishi kwa kibali. Waraka wa Mfalme Friedrich II wa mwaka 1750 uliwapanga Wayahudi wa Prussia, ufalme ambao Berlin ilikuwa mji mkuu wake, kwa madaraja: juu walikuwapo matajiri wachache walioweza kuwarithisha watoto wao kibali, na chini kabisa walikuwapo watumishi ambao kibali chao kilikwisha siku ile ajira yao ilipokwisha. Mendelssohn aliishi humo miaka 20 chini ya kivuli cha wengine, kwanza kama mwanafunzi, halafu kuanzia 1750 kama mwalimu wa watoto wa Isaac Bernhard, mwenye kiwanda cha hariri, na tangu 1754 kama karani wa hesabu katika kiwanda hicho. Alipanda akawa msimamizi, na Bernhard alipofariki akawa mshirika wa mjane wake. Hakuwahi kuwa profesa. Vitabu vyote nitakavyovitaja viliandikwa na mtu ambaye mchana kutwa alikuwa akishughulika na bei za nyuzi na madeni ya wateja.

Elimu ya dunia aliipata kwa watu binafsi: hisabati kwa Israel Zamosc, Kilatini kwa Abraham Kisch, Kifaransa na Kiingereza kwa Aaron Gumpertz. Ni Gumpertz aliyemkutanisha mwaka 1754 na Gotthold Ephraim Lessing, mwandishi wa tamthilia, Mkristo, mwenye umri sawa na wake. Lessing alikuwa ameandika tamthilia ambamo Myahudi ni mtu mwungwana, na profesa mmoja mashuhuri wa Göttingen, Michaelis, akaandika kwamba mtu wa namna hiyo haelekei kupatikana. Mendelssohn alijibu kwa uchungu, katika barua ambayo Lessing aliichapisha. Mwaka 1755 Lessing huyohuyo alichukua mswada wa mazungumzo ya kifalsafa ulioandikwa na rafiki yake na kuuchapisha bila kumwambia. Ndivyo Mendelssohn alivyoingia katika ulimwengu wa waandishi wa Kijerumani.

Mwaka 1763 Akademia ya Sayansi ya Prussia ilimpa tuzo ya kwanza kwa insha yake juu ya swali la iwapo kweli za metafizikia, yaani za mambo yasiyoonekana kama Mungu na roho, zinaweza kuthibitishwa kwa uhakika kama zile za hisabati. Mshindani aliyemfuatia alikuwa Immanuel Kant. Mwaka huohuo akapewa hatimaye kibali cha kuishi Berlin kwa jina lake mwenyewe, lakini kibali hicho hakikuwahusu watoto wake. Mwaka 1767 akatoa Phaedon, kitabu cha kutetea kutokufa kwa roho kwa kinywa cha Socrates, kikatafsiriwa kwa lugha nyingi za Ulaya, na watu wakaanza kumwita Socrates wa Berlin. Mwaka 1771 Akademia ikamchagua kuwa mwanachama, na mfalme, aliyesifiwa Ulaya nzima kuwa rafiki wa falsafa, akakataa kuuthibitisha uchaguzi huo.

Kuna barua yake ya mwaka 1780 kwa mtawa mmoja kijana wa Kikatoliki ambayo mimi naiona kuwa ufunguo wa kuielewa kazi yake yote. Anaeleza kwamba jioni akitembea na mkewe na watoto, wavulana wa mitaani huwarushia mawe, na watoto wake humwuliza: baba, yule anatupigia kelele za nini? Tumewakosea nini? Je, kuwa Myahudi ni kosa? Mwandishi wa Phaedon, aliyesomwa katika majumba ya wafalme, anasema huinamisha macho na kujisemea moyoni kwamba wanadamu watafika lini. Nawaomba wasomaji wakumbuke barua hiyo watakapofika kwenye hoja zake juu ya dola na dhamiri.

Sasa tuingie katika dini.

Kwa miaka mingi Mendelssohn alijizuia kuandika hadharani juu ya Uyahudi na Ukristo. Aliyemlazimisha ni Johann Caspar Lavater, mchungaji kijana wa Zürich. Mwaka 1769 Lavater alitafsiri kwa Kijerumani sehemu ya kitabu cha Charles Bonnet wa Geneva kilichoutetea Ukristo kwa hoja za kiakili, akakitabarukia kwa jina la Mendelssohn mbele ya umma, akimtaka ama azikanushe hoja hizo kwa maandishi, ama afanye ambalo Socrates angelifanya kama angekisoma kitabu hicho na kukosa jibu. Kwa maneno mengine, abatizwe. Ulikuwa mtego, hata kama aliyeutega aliamini anatenda wema. Mendelssohn akijibu kwa ukali, angekuwa Myahudi wa kibali anayeushambulia Ukristo ndani ya nchi ya Kikristo. Akinyamaza, angehesabiwa ameshindwa.

Jibu lake lilikuwa barua ya wazi, na kwangu ni miongoni mwa maandishi ya adabu kubwa kabisa katika historia ya mijadala ya dini. Alisema kwamba ameichunguza dini yake tangu ujana, na kama uchunguzi huo ungemwondolea imani, hakuna chochote ambacho kingemfunga kwenye dini inayodharauliwa na kila mtu. Alisema kwamba dini yake haitafuti waongofu, kwa kuwa marabi hufundisha kwamba Torati ni wajibu wa wana wa Israeli peke yao, na wanadamu wengine wakizishika zile amri saba za Nuhu, yaani miiko ya msingi kwa wanadamu wote kama kutoua na kutoiba, wanahesabiwa kuwa wenye haki. Akaongeza kwamba kama Confucius au Solon angekuwa hai katika zama zake, yeye angeweza kumpenda na kumstahi bila kufikiria hata kidogo kumwongoa. Akamkumbusha Lavater, bila tusi, kwamba sheria za Zürich zisingemruhusu rafiki yake aliyetahiriwa hata kuja kumtembelea.

Mjadala huo ulimgharimu. Mwaka 1771 alishikwa na maradhi ya neva yaliyomzuia kufanya kazi nzito ya kichwa kwa muda mrefu. Swali la wokovu wa wengine halikumwacha hata hivyo, na mwaka 1773 alimwandikia Rabi Jacob Emden kwa Kiebrania akimweleza jambo lililomsumbua katika Maimonides mwenyewe: kwamba asiye Myahudi anayezishika amri saba kwa sababu akili yake imemwongoza, si kwa sababu Mungu aliziamuru kwa Musa, hahesabiwi kati ya wachamungu wa mataifa. Mendelssohn hakuweza kulimeza hilo. Aliuliza kama watu wote kutoka maawio ya jua hadi machweo yake wamehukumiwa kushuka shimoni kwa kutoamini Torati ambayo haikupewa wao. Emden alisimama na Maimonides. Mendelssohn alibaki na msimamo wake, na miaka kumi baadaye akauliza katika Jerusalem kwa nini watu wa Mashariki ya mbali na wa Amerika wangoje mpaka Wazungu wapende kuwatumia wajumbe wachache, waje na habari ambayo eti bila hiyo hawawezi kuishi kwa wema wala kwa furaha. Sisi wa Afrika Mashariki tunaweza kuusikia uzito wa swali hilo bila kuelezwa sana.

Chanzo cha Jerusalem chenyewe kilikuwa siasa. Wayahudi wa Alsace, jimbo la Ufaransa, walimwomba Mendelssohn awatetee. Akamshauri rafiki yake Christian Wilhelm Dohm, ofisa wa serikali ya Prussia, aandike, na mwaka 1781 Dohm akatoa kitabu kilichotaka Wayahudi wapewe haki za kiraia. Humo Dohm alipendekeza pia kwamba jumuiya za Kiyahudi ziachiwe mamlaka yao ya ndani, pamoja na haki ya kuwatenga waumini wakaidi. Hapo Mendelssohn alimpinga mtetezi wake mwenyewe. Mwaka 1782, katika dibaji aliyoiandika kwa tafsiri ya kitabu cha zamani cha Rabi Menasseh ben Israel, aliwasihi marabi wa Ulaya waiache adhabu ya kutenga. Kutengwa, kwa wakati ule, hakukuwa kukosa nafasi sinagogini tu. Aliyetengwa hakuuziwa, hakununuliwa, hakukaribishwa, na kwa kuwa dola haikumtambua Myahudi nje ya jumuiya yake, hakuwa na pa kwenda ila kwenye ubatizo. Huko Altona Rabi Raphael Kohen alikuwa bado akiitumia adhabu hiyo. Mendelssohn alisema kwamba kumfungia mwenye shaka mlango wa nyumba ya ibada ni sawa na kumkataza mgonjwa asiingie duka la dawa.

Mara ikatoka barua ya mwandishi asiyejitaja, ambaye baadaye alijulikana kuwa August Cranz, ikidai kwamba Mendelssohn amejikana mwenyewe: dini ya Musa ni dini ya sheria na adhabu, na anayeiondolea nguvu ya kuadhibu ameuondoa msingi wake, basi amalize safari avuke kwenye Ukristo. Jerusalem ni jibu la barua hiyo.

Sehemu ya kwanza ya kitabu inahusu dola na dini kwa jumla. Mendelssohn hasemi kwamba vitu hivi viwili havihusiani, kwa maana vyote viwili vinamlea mwanadamu kuelekea heri yake. Tofauti yao iko katika nyenzo. Dola inaridhika na tendo hata kama halina moyo ndani yake: ukilipa kodi huku unanung'unika, umelipa. Dini haijui tendo la namna hiyo, kwa sababu sala ya aliyeshikiwa fimbo si sala. Kisha anaingia katika hoja ya mkataba, na hapa ndipo penye uzito. Wanafalsafa waliomtangulia walieleza kwamba watu waliipa dola sehemu ya haki zao kwa makubaliano. Mendelssohn anauliza: ni haki zipi zinazoweza kukabidhiwa? Shamba langu naweza kukupa, na kazi ya mikono yangu naweza kukuuzia. Lakini kusadiki kwangu hakumo mkononi mwangu kiasi cha kuweza kukukabidhi. Siwezi kukuahidi kwamba kesho nitaona kuwa kweli kile ambacho akili yangu itakionyesha kuwa uongo. Kwa hiyo mkataba juu ya imani ni batili tangu mwanzo, haijalishi nani kautia saini. Kanisa halina haki hiyo, sinagogi halina, wala mfalme hawezi kuwapa wanadini mamlaka ambayo yeye mwenyewe hakuwahi kuwa nayo. Alikwenda mbali hadi kukataa viapo vya imani kama sharti la cheo, akitoa mfano wa maaskofu wa Uingereza wanaoapa kuzikubali ibara 39 za kanisa lao.

Mahali pamoja naona hakufuata hoja yake mpaka mwisho. Aliiruhusu dola iangalie, japo kwa mbali, isienee mafundisho ya kumkana Mungu, kwa kuwa aliamini kwamba bila Mungu na maisha yajayo jamii haiwezi kusimama. Ikiwa kusadiki hakukabidhiki, basi hakukabidhiki hata kwa asiyeamini chochote, na sijaona anapoliondoa tatizo hilo.

Sehemu ya pili naiacha kwa maswali yenu, kwa kuwa nimeshaandika kwa urefu.

Mchangiaji wa kwanza:

Shukrani kwa uzi huu, mkuu. Nina swali moja ambalo naona Cranz alikuwa na haki ya kuliuliza. Katika kitabu cha Hesabu mtu aliyeokota kuni siku ya Sabato alipigwa mawe mpaka kufa, na agizo lilitoka kwa Mungu mwenyewe. Mtu anayeamini kwamba Torati ni neno la Mungu anawezaje kusema kwamba dini haina haki ya kuadhibu?

Mleta mada:

Ndugu yangu, umeshika kiini cha mambo, na Mendelssohn alikiri kwamba swali hilo lilimgusa moyoni. Akatoa kwanza jibu la pembeni kwa wanaomwambia avuke: Ukristo umejengwa juu ya Uyahudi, kwa hiyo ikiwa ghorofa ya chini inabomoka, ni busara gani kuhamishia vyombo ghorofa ya juu? Kisha akalijibu swali lenyewe.

Katika Israeli ya kale, anasema, Mungu hakuwa mwenye kuabudiwa tu. Alikuwa pia mfalme wa nchi na mtoa sheria wake. Dola na dini hazikuwa vitu viwili vilivyoungana, bali kitu kimoja, na kwa sababu hiyo aliyeinajisi Sabato hadharani aliivunja sheria ya nchi na kumwasi mtawala wake. Aliadhibiwa kama raia mhalifu, kwa tendo alilolitenda, si kwa fikra iliyokuwa kichwani mwake. Utaratibu huo ulikuwapo mara moja katika historia, na Hekalu lilipobomolewa ukaondoka, pamoja na adhabu zake za kifo, za viboko na hata za faini. Marabi wenyewe, asema, walilitambua hilo. Kwa hiyo rabi wa Altona anayemtenga mtu anashika mamlaka ya dola iliyokufa karne nyingi zilizopita.

Msingi wa haya ni jinsi anavyolisoma tukio la Sinai, na hapa ndipo fikra yake ya kidini inapokuwa yake mwenyewe kabisa. Mendelssohn anagawa mambo. Kuna kweli za milele, kama kuwako kwa Mungu, uongozi wake na kutokufa kwa roho. Hizi Mungu anazifundisha kwa wanadamu wote, mahali pote, kwa njia ya uumbaji na akili, na hazihitaji muujiza. Kuna kweli za historia, zinazopokewa kwa ushahidi. Na kuna sheria, ambazo taifa moja lilipewa. Sauti ya Sinai, anasema, haikutangaza kwamba Mungu ni wa lazima, wa milele na mwenye kujua yote. Ilisema: mimi ni Bwana Mungu wako, niliyekutoa katika nchi ya Misri. Hiyo ni habari ya historia, msingi wa sheria kwa watu waliokombolewa. Katika amri zote za Torati, aongeza, hakuna moja inayosema utaamini au hutaamini. Zote zasema utatenda au hutatenda. Imani haiamriwi, kwa kuwa haipokei amri ila ile inayokuja kwa njia ya kusadikishwa. Kwa hiyo kilichofunuliwa kwa Israeli ni sheria, na wala si orodha ya mafundisho ya wokovu ambayo wengine wamenyimwa.

Utaona jinsi jibu hili linavyoziunganisha barua zake za miaka ya nyuma. Confucius hana hasara kwa kutokuwapo Sinai.

Mchangiaji wa pili:

Naheshimu uchambuzi huu, lakini napata mashaka mawili. La kwanza, Maimonides aliweka misingi 13 ya imani, na waumini wanaikariri mpaka leo. Inawezekanaje kusema Uyahudi hauna imani iliyoamriwa? La pili, kama kweli zote za lazima zinajulikana kwa akili, na adhabu za Torati zimekwisha, Spinoza alikuwa na kosa gani aliposema kwamba sheria za Musa zilikwisha pamoja na dola yake? Mbona Mendelssohn aliendelea kuzishika?

Mleta mada:

Shaka la kwanza Mendelssohn alilijua. Alijibu kwamba Maimonides aliweka misingi 13, Albo akaipunguza kuwa mitatu, Crescas akampinga Maimonides, wote wawili wakiwa wanafalsafa wa Kiyahudi wa Hispania, na hakuna aliyeitwa mzushi kwa kutofautiana nao; misingi hiyo haikuwahi kuwa kiapo cha kuingilia. Nakubaliana naye kuhusu Albo na Crescas. Kuhusu Maimonides nadhani alimpunguzia makali mwalimu wake, kwa maana Maimonides aliandika wazi kwamba anayeukana mmojawapo wa misingi hiyo amejitoa katika Israeli. Mendelssohn alikuwa akieleza Uyahudi ambao angependa uwe umekuwapo siku zote, akiuchagua kutoka katika mapokeo yenye sauti nyingi, na sioni aibu katika hilo, mradi tujue kwamba ni uchaguzi.

Shaka la pili ndilo kubwa. Spinoza na Mendelssohn wanakwenda pamoja hatua nyingi: wote wawili wanasema kwamba sheria ya Musa ilikuwa sheria ya taifa moja, na kwamba nguvu yake ya kiserikali imekwisha. Wanaachana kwenye swali la nani anaweza kuifuta. Kwa Spinoza, dola ikianguka, wajibu umeanguka. Kwa Mendelssohn, adhabu ndiyo iliyoanguka. Wajibu wa mtu binafsi mbele ya Mungu umebaki, na hakuna mwanadamu wa kuuondoa, kwa sababu sheria iliyotolewa na Mungu hadharani haiwezi kuondolewa ila na Mungu hadharani. Aliwaambia watawala wa Ulaya kwamba ikiwa haki za kiraia hazipatikani ila kwa kuiacha sheria hiyo, basi Wayahudi watalazimika, kwa huzuni, kuzikosa haki hizo. Alikataa pia wito wa kuziunganisha dini zote kuwa moja, akiona kwamba muungano wa imani ungeua uhuru wa dhamiri.

Kuhusu faida ya kuzishika, ana nadharia ambayo wasomaji wengi huiruka, nami naiona nzuri kuliko sehemu nyingine yoyote ya kitabu. Anadai kwamba wanadamu walipoanza kuandika mawazo kwa picha za wanyama na vitu, picha hizo zilikuja kuabudiwa, na ndivyo ibada ya sanamu ilivyozaliwa. Maandishi ya herufi nayo yana madhara yake: yanafanya watu wajifunze kwa vitabu na kusahau kujifunza kwa watu, hata mzee akakosa wa kumsikiliza. Sheria za ibada ni maandishi ya aina nyingine, yanayoishi, yaliyoandikwa katika matendo. Tendo halidumu mahali pamoja likageuka sanamu. Linapita, na kijana anayeliona humwuliza mkubwa wake maana yake, na kutoka kwenye swali hilo huanza mazungumzo juu ya Mungu. Kwa hiyo taifa zima lilifanywa kuwa fundisho kwa wengine kwa namna lilivyoishi.

Jina la Spinoza ndilo lililomfuata Mendelssohn mpaka kaburini. Lessing alifariki mwaka 1781, na miaka miwili baadaye mwanafalsafa Friedrich Heinrich Jacobi akaanza kueneza kwamba Lessing kabla ya kufa alikiri kwake kuwa ni mfuasi wa Spinoza, neno ambalo wakati ule lilimaanisha mkana Mungu. Mendelssohn aliona rafiki yake wa miaka karibu 30 anachafuliwa, na akili yenyewe inashitakiwa kwamba haiongozi kokote ila ukafirini. Mwaka 1785 akatoa kitabu cha masomo ya asubuhi aliyompa mwanawe Joseph na vijana wenzake juu ya kuwako kwa Mungu, na wakati huohuo Jacobi akachapisha barua zao. Mendelssohn akaandika jibu. Siku ya mwisho ya mwaka huo, kukiwa na baridi kali, aliupeleka mswada mwenyewe kwa mchapishaji, akarudi mgonjwa, na tarehe 4 Januari 1786 akafariki.

Mchangiaji wa tatu:

Nimesoma yote. Lakini watoto wake wengi walibatizwa, na mjukuu wake, yule mtunzi mkubwa wa muziki Felix Mendelssohn, alikuwa Mprotestanti. Je, huo si ushahidi kwamba Cranz aliona mbali, na kwamba Uyahudi usio na shuruti hauwezi kurithishwa?

Mleta mada:

Ni kweli kwamba kati ya watoto sita waliofikia utu uzima, Joseph na Recha peke yao ndio waliobaki katika dini ya baba yao. Wapinzani wake wa Kiyahudi walilitumia jambo hilo, na bado linatumika. Naomba hata hivyo tuangalie tarehe na sheria za nchi.

Mendelssohn alipofariki, mkewe Fromet na watoto hawakuwa na uhakika wa kuishi Berlin. Kibali chao kilitolewa mwaka 1787 na mfalme mpya. Amri ya Prussia ya mwaka 1812 iliwafanya Wayahudi kuwa raia, lakini utumishi wa serikali ukaachwa bila kufunguliwa kwao, na miaka iliyofuata ikawafungia hata baadhi ya milango ambayo ilikuwa imeanza kufunguka. Abraham, mwana wa Mendelssohn na baba wa Felix, aliwabatiza watoto wake mwaka 1816, naye na mkewe wakabatizwa 1822. Mwaka 1829 akamwandikia Felix kumsihi aache jina la Mendelssohn na kutumia Bartholdy, akisema kwamba Mendelssohn Mkristo hawezi kuwapo, kama asivyoweza kuwapo Confucius Myahudi. Felix aliyabakiza majina yote mawili.

Yaliyompata Abraham ni yaleyale ambayo baba yake aliyaandikia kitabu: dola iliweka bei ya kiraia juu ya imani, na watu wakailipa, wengine kwa kusadiki na wengine kwa ajili ya watoto wao. Majaribio ya kuishi Uyahudi usio na shuruti ya rabi wala ya mfalme yalikuwa hayajafanyika Prussia siku hizo, kwa hiyo hatuwezi kusema kwamba yalishindwa. Upande wa marabi shuruti ilikuwa imeanza kulegea. Upande wa mfalme ilikuwa bado ipo, na ilikuwa ikivuta kuelekea kwenye kisima cha ubatizo tu.